Mgonjwa wa Kurudi

Hortense alipata kazi katika hospitali ya mahema ya Bunia kwa sababu ya mwandiko wake mzuri. Kabla ya vita alikuwa sekretari wa shule. Shule ilichomwa, mtaa wao ukachomwa, na bwana yake Vital, mchimba dhahabu wa Mongbwalu, akaletwa maiti. Alihamia na binti yake Gentille kwenye kambi ya wakimbizi karibu na uwanja wa ndege, na hapo ndipo daktari Osée, aliyekuwa akitafuta mtu wa kujaza fishi, yaani kadi za wagonjwa, alipompata.

Kazi ilikuwa kugeuza majeraha kuwa namba. Msuli uliokatwa kati ya bega na kiwiko ulikuwa S46, namba ambayo wote waliitaja kwa Kifaransa. Nyuma ya namba iliwekwa herufi: N kwa jeraha jipya, R kwa mtu anayerudi kutolewa nyuzi au kunyooshwa mkono uliokakamaa. Mikono ya namna hiyo ilikuwa mingi, maana anayetupiwa panga huinua mkono kujikinga.

"Usiulize kama mutu ni mugeni hapa," daktari Osée alimwambia siku ya kwanza. "Uliza juu ya kidonda. Kama walishamutunza mahali pengine, anakuja kwetu kuendelea tu, ni R. Ukiandika N, tutahesabu panga moja mara mbili."

Hortense akazoea kutazama mikono. Nyuso zilimchosha moyo.

Asubuhi moja mkono mwembamba uliwekwa juu ya meza yake. Haukuweza kunyooka. Kovu lilipita katikati ya msuli, nyuzi nyeusi bado zimo, na usaha ulichuruzika pembeni.

"Ni mara ya kwanza ao unarudi?" aliuliza bila kuinua kichwa.

"Hapa ni mara ya kwanza. Lakini walinishona kule Mahagi."

"Basi unarudi." Akaandika S46, akaandika R. "Jina?"

Mtu yule akainama kumtazama usoni. Kisha akasema polepole, "Mama Gentille."

Kalamu ilisimama. Hortense aliinua macho. Mgonjwa alikuwa na ndevu, amekonda, mashavu yamebonyea, lakini alikuwa Vital. Hortense alipiga ukelele, kiti kikaanguka, akarudi nyuma mpaka mgongo ukagonga turubai. Muuguzi alikuja mbio akidhani ameona nyoka.

"Tulikuzika," Hortense alisema. "Weye, tulikuzika!"

"Mi niko muzima. Shika mukono, uone."

Hakuushika. Aliutazama tu ule mkono aliokuwa ameuandikia namba sasa hivi kama wa mgonjwa yeyote.

Maiti ile ilitoka njia ya Iga Barrière, ile itokayo Mongbwalu. Wahisani waliileta imefungwa ndani ya turubai, uso hautazamiki, na risasi zililia mtaa wa pili, kwa hiyo walizika haraka. Hortense alitambua shati. Alikuwa amelishona mwenyewe kwa kitenge cha buluu, na kwa kuwa kitambaa hakikutosha, mfuko akauweka wa rangi nyekundu.

"Baba Gentille, shati yako iko wapi? Ile ya mufuko mwekundu?"

"Nilipatia Paluku, mwenzangu wa kwenye shimo. Alikuwa anashuka Bunia kuona bibi yake, hakuwa na nguo ya kujionyesha nayo." Vital aliusoma uso wa mkewe. "Paluku hakufika?"

Paluku alipoondoka tu, machimbo yalivamiwa. Vital alikatwa mkono, akatembea porini na wakimbizi mpaka Mahagi. Alituma habari kwa dereva wa lori, lakini dereva alikuta mtaa wao ni majivu. Vital mwenyewe alikuwa ameshuka Bunia jana yake, akazunguka akiulizia familia bila kuipata, ndipo maumivu yakampeleka hospitali.

Hortense hakuwa akisikiliza vizuri. Alikuwa akimfikiria Suzanne, mke wa Paluku. Hema zao zilitazamana kambini. Ni Suzanne aliyemshika mabega kaburini, akaimba mpaka sauti ikamkauka. Tangu hapo alikuwa akiambia watu kwamba Paluku amevukia Uganda, atarudi barabara zikifunguliwa.

"Twende kwanza nione mutoto," Vital alisema walipomaliza kumtoa nyuzi.

"Mutoto iko na Suzanne. Anamuchunga nikiwa kazini."

Gentille alijificha nyuma ya sketi ya Suzanne, akimkodolea macho yule mwenye ndevu. Suzanne ndiye aliyemtambua. Alipiga vigelegele, kambi nzima ikageuka. Akamrukia Vital, akamshika bega, machozi na kicheko pamoja.

"Vital amefufuka! Kama weye umerudi, basi na wangu atarudi!"

Vital alimgeukia mkewe. Ilimbidi Hortense aseme.

"Suzanne, dada yangu. Shati ilikuwa ya Vital. Mwenye kuivaa alikuwa Paluku. Vital alimupatia, aje kukuona nayo."

Suzanne hakulia. Mkono wake ulibaki juu ya bega la Vital, kana kwamba umesahauliwa pale. Macho yake yalienda kwa mmoja, yakarudi kwa mwingine.

"Ile siku," alisema hatimaye, "nilikuwa nalilia bwana yangu?"

"Ndiyo."

"Kumbe nilimulilia." Alikaa chini, palepale kwenye vumbi. "Nilifikiri nakusaidia weye."

Walifanya matanga upya, na safari hii Hortense ndiye aliyemshika mwenzake. Jina lililokuwa msalabani lilifutwa, likaandikwa la Paluku. Barabara ya kusini ilipofunguka, Suzanne alienda kwa wakwe zake Butembo.

Msuli wa Vital ulipona ukiwa mfupi. Hakuinua tena sururu. Aliuza mafuta ya taa sokoni kwa mkono mmoja. Kila alipoenda hospitali kunyooshwa mkono, Hortense, asiyetaka tena kuugeuza mkono ule kuwa namba, aliondoka mezani, na mtu mwingine akajaza fishi yake.