Mama wa Marungu na Jibu la Shamba

Ijumaa iliyopita, kwenye kaunta ya ofisi moja ya ardhi hapa Voi, nilimwona karani akisimama. Miaka mitatu namjua, na kwa ajili yangu hajawahi kuinuka hata nusu.

Alimsimamia mama mmoja mjane wa Marungu. Yeye na mimi tuliomba mashamba siku moja, kwenye foleni moja. Mimi nikawa nampelekea karani ndizi kutoka milimani na kuuliza kwa upole, maana kwetu kushtaki serikali ni kama kumshtaki baba mkwe. Mwenzangu alipanda treni hadi korti ya Mombasa, akarudi na amri: ombi lake liamuliwe ndani ya mwezi mmoja.

Karani alifuta vumbi kwenye faili lake kwa mkono wa shati. Nilimwonea wivu.

"Mama, ombi limekataliwa," akasema, akimpa barua.

Sitaficha, nilifurahi. Kumbe korti humlazimisha afisa ajibu, lakini haimchagulii jibu!

Mama akaikunja barua taratibu. "Asante, mwanangu. Kimya chenu sikuweza kukikatia rufaa. Hii nitaikatia." Akatoka akitabasamu.

Nikasogea. "Na langu?"

"Bado, mzee. Njoo Ijumaa." Akapokea ndizi zangu akiwa ameketi.

Nimewahi kuwaonea wivu waliopewa shamba. Aliyenyimwa, ndiyo mara yangu ya kwanza.