Fomu Mbili Kwenye Droo ya Leona

Kila tarehe thelathini na moja Agosti, Leona Hudak huchemsha kahawa ya birika kubwa, huvaa sweta la marehemu mumewe hata kama jua linachoma, kisha hukaa barazani kwake akingoja watu waje kulipa kodi ya shule, ambayo kila mwenye nyumba hutozwa. Mji wa Brannick, pale kwenye vilima vya makaa vya Pennsylvania, hauna ofisi ya kodi. Ofisi ni Leona. Mezani ana muhuri, kitabu cha stakabadhi na sahani ya keki ya kokwa za jozi, na ole wake atakayegusa muhuri kwa mikono yenye sukari.

Siku hiyo ndiyo ya mwisho ya punguzo. Ankara ya kodi ya shule ina bei tatu: ukilipa kabla Agosti haijaisha unapunguziwa, ukilipa Septemba au Oktoba unalipa kamili, na ukizubaa zaidi ya hapo unatozwa faini. Watu wa Brannick wangeweza kulipa tangu Julai, lakini hawataki. Pesa ikilala benki mpaka siku ya mwisho wanaona kama imewazalia. Basi wanakuja wote kwa pamoja, wakigombea kivuli cha baraza na kulaumiana kwa kuchelewa.

Leona amechaguliwa kwa kura kuifanya kazi hii miaka thelathini na miwili mfululizo, kwa sababu hakuna mwingine anayeitaka. Mwaka mmoja watu wanne waliandika jina la mbwa wa padri kwenye karatasi ya kura. Leona alimshinda yule mbwa, kisha akampelekea mfupa wa pole. Ni mwema hivyo, ila kwenye tarehe hana masihara. Barua yenye hundi ya dada yake Irene iliwahi kufika ikiwa na muhuri wa posta wa siku moja baada ya punguzo kwisha. Alimrudishia hundi, na Irene hakumsemesha mpaka Pasaka. Leona alilia jikoni, akapenga kamasi, na bei kamili ikabaki palepale.

Mwaka juzi, saa kumi alasiri, watu walipokuwa wamepungua, alikuja Wasil Dzurko wa nyumba ya ng'ambo. Ni mzee wa miaka sabini na tisa, mrefu, hajaoa, mgongo umepinda kidogo kwa miaka aliyobeba marobota kwenye kiwanda cha nguo.

"Hodi, Serikali!"

"Karibu, mlipa kodi. Futa viatu."

"Viatu vyangu ni safi kuliko bajeti yenu. Mwaka huu nawanunulia nini? Nyasi za plastiki za uwanja wa mpira?"

"Mimi siyo bodi ya shule, Wasil. Ukitaka kugomba, mkutano wao ni Jumatatu ya pili."

"Sina mtoto shuleni. Sijawahi kuwa na mtoto shuleni. Hata mbwa sijapeleka!"

"Na yule binti wa duka la dawa anayekupangia vidonge, alisomea wapi? Juu ya mti?"

Wasil alicheka. Maneno hayo walikuwa wakiyarudia kila mwaka, na kila mmoja angenuna kama mwenzake angesahau zamu yake. Alitoa bahasha, akaweka noti mezani moja moja. Leona alipogonga muhuri, yeye aliendelea kusimama.

"Hii ni ya mwisho, Leona," alisema. Hakumwita Serikali. "Pensheni ni ileile, kodi inapanda. Majira ya kuchipua nauza. Charlene, mtoto wa dada yangu, ana chumba huko Ohio."

"Ohio utafanya nini?"

"Nitafanya uzee. Wanaufanya huko pia."

"Jaza zile fomu, Wasil."

"Usianze."

"Mbili tu. Moja inakupunguzia kodi kwa kuwa unaishi nyumbani kwako mwenyewe, na ukishaijaza basi, hutajaza tena. Nyingine ni ya wazee wa kipato kidogo, unarudishiwa sehemu. Ukiziweka pamoja hutauza hata kigae."

"Nimesema usianze!" Alichukua stakabadhi yake, akashuka ngazi bila kugusa keki. Leona alibaki ameshika muhuri hewani.

Alijua kinachomzuia, maana mtaa mzima uliijua habari hiyo. Mgodi ulipofungwa Wasil akiwa na miaka kumi, mama yake alikwenda kaunti kuomba msaada wa chakula. Akatumwa bwana mmoja mwenye kofia na daftari. Aliingia mpaka jikoni, akahesabu vitanda, akahesabu sufuria, akahesabu viti. Kisha akamwekea yule mama karatasi mezani, naye akatia saini. Hakujua kusoma Kiingereza. Alipokufa ndipo mwanawe alipoelezwa kwamba karatasi ile iliiweka nyumba rehani: kila mkate waliokula ulikuwa umeandikwa, na kaunti ilitaka chake. Wasil alilipa miaka saba. Msichana aliyekuwa anataka kumwoa alingoja minne, akaolewa na mwingine. Tangu hapo hakutia jina lake kwenye karatasi yoyote inayotaja nyumba na msaada kwa pamoja. Sheria zile zilikwisha zamani, lakini aliyeumwa na nyoka akiona ung'ongo hushtuka.

Wazee wengi wa Brannick walikuwa hivyohivyo. Leona aliwafuata mmoja mmoja kwa miaka: kanisani siku za kukunja pierogi, yale maandazi ya viazi, msibani, hata saluni mtu akiwa na dawa kichwani na hana pa kukimbilia. Aliwaeleza, aliwasomea, aliwapa kalamu. Wote walisaini, na kila Machi, ambapo siku ya kwanza ndiyo mwisho wa kupokea fomu, alizipeleka kaunti mwenyewe.

Wote isipokuwa wawili. Kwenye droo ya meza yake zilibaki fomu za Wasil, na chini yake fomu ya Leona Hudak mwenyewe, tupu, imeanza kugeuka rangi.

Mganga hajigangi. Yule bwana mwenye kofia alifika kwao pia. Leona alikuwa na miaka mitano. Mama yake, aliyejua kwamba mwenye cha kuuza hunyimwa msaada, aliposikia viatu ngazini aliisukuma cherehani kitandani, akaifunika blanketi, akamlaza Leona juu yake. "Una surua," alimwambia. "Ukifumbua macho tutakosa pa kulala." Leona alilala juu ya chuma kile baridi, sindano ikimchoma ubavuni, akamsikia mwanamume akipumua mlangoni na kuandika. Mwaka ambao fomu hizi zilianza kutolewa alikaa na yake mezani jioni nzima. Aliandika herufi ya kwanza ya jina lake, akaifuta. Akaenda kuwafundisha wengine.

Januari kibao cha NYUMBA INAUZWA kilisimikwa mbele kwa Wasil. Dalali alileta watu wawili, mmoja akauliza kama inawezekana kuvunja jiko. Leona alikiona kile kibao kila alipoosha vyombo, kwa kuwa dirisha la jikoni kwake linatazama ng'ambo, na akaanza kuosha vyombo kwa hasira. Atakapoondoka Wasil, nani atamwita Serikali? Nani atagombana naye? Mumewe alikuwa amekufa miaka kumi na moja, na kwa miaka hiyo yote hapakuwa na asubuhi ya theluji ambayo Wasil hakuchukua sepeto, akafukua gari la Leona kwanza kisha lake. Baada ya kufukua huweka kiti cha jikoni barabarani kulinda nafasi ya gari, na Brannick mtu anaweza kukuibia mke lakini hagusi kiti hicho.

Machi mosi iliamka na theluji. Leona alitazama dirishani akaona kiti kiko mahali pake. Saa nane mchana alifungua droo, akachukua fomu za juu. Mkono ulirudi kwenye droo wenyewe, ukatoa na ile ya chini. Akaikunja, akaitia mfukoni mwa sweta, akavuka barabara.

Wasil alikuwa akifunga vikombe kwa magazeti.

"Kaunti wanafunga saa kumi na nusu," Leona alisema. "Saini."

"Na mchana mwema kwako pia."

"Wasil, hii siyo sadaka. Pesa yenyewe inatoka kwenye kodi ya kasino."

"Ndiyo umeharibu kabisa! Niishi kwa pesa za kamari?"

"Mike Fedor anapoteza pensheni yake kule kila Ijumaa. Si alikukopa msumeno miaka kumi na tano iliyopita? Hesabu kwamba anaurudisha kidogo kidogo."

Wasil alijizuia kucheka, akashindwa. Kisha uso ukatulia. Aliisoma fomu polepole, mbele na nyuma, kidole chini ya kila mstari. Alipofika mwisho aliinua macho.

"Wewe yako ulisaini lini?"

Leona angeweza kusema uongo. Katika watu wote wa mji ule, yeye ndiye angeaminiwa. Lakini mwanamke aliyemtoza dada yake bei kamili kwa siku moja hajui pa kuanzia kusema uongo.

"Sijasaini."

"Hujasaini."

"Sijasaini, Wasil. Nimelipa kamili miaka yote."

Alitoa ile karatasi mfukoni, akaiweka mezani kando ya nyingine. Wasil aliitazama ilivyochakaa kwenye mikunjo, akaitazama herufi iliyofutwa.

"Mama mtakatifu," alisema. "Umemsainisha Helen Kotch akiwa kwenye kitanda cha hospitali!"

"Najua."

"Ulimfukuza Stash Bolinsky mpaka chooni kwenye harusi ya mwanawe!"

"Najua, nimesema. Nilikuwa nimelala juu ya cherehani," alisema Leona, na machozi yakamtoka bila kumwomba ruhusa. Akamsimulia. Miaka sabini walikaa ng'ambo kwa ng'ambo na hakuwa amemwambia mtu, hata mumewe.

Wasil alisikiliza mpaka mwisho. Kisha akafungua kikombe kimoja kwenye gazeti, akammiminia kahawa, akatafuta kalamu ya pili.

"Tutasaini pamoja," alisema. "Ukinihadaa nakwenda Ohio leo hii kwa miguu."

"Kwa tatu."

"Kwa tatu. Moja..."

Walisaini wameinama kama watoto kwenye mtihani, kila mmoja akimchungulia mwenzake kuhakikisha. Ile ya wazee wa kipato kidogo, isiyomhusu Leona, Wasil aliisaini peke yake, bila kuhesabu.

Leona aliendesha gari, na Wasil alishika dashibodi njia nzima akimfundisha kuendesha. Saa kumi na dakika kumi walikuwa mbele ya dirisha la kaunti. Kijana mwenye tai alipokea karatasi zao, akagonga muhuri, akazitupa kwenye trei.

"Tayari," alisema.

Wasil hakuondoka. "Basi?"

"Basi, mzee."

"Hakuna mtu atakayekuja nyumbani?"

"Aje kufanya nini?"

"Kuhesabu viti."

Kijana alicheka, akidhani ni utani wa wazee. Leona hakucheka. Alimshika Wasil mkono, akamtoa nje polepole, na hakuuachia mpaka walipofika garini.

Walirudi jua likielekea kwenye kilima. Kiti kilikuwa bado barabarani. Wasil alishuka akakiondoa ili Leona aegeshe, kisha akenda moja kwa moja kwenye kile kibao. Ardhi ilikuwa imeganda. Alikipiga teke, akakitikisa, akakitukana kwa lugha ya mama yake, mpaka Leona akaja kusaidia na wote wawili wakakaribia kuanguka kilipong'oka. Wasil akakilaza chini ya ngazi.

"Kitafaa kushikilia nyanya," alisema.

Alikibeba kiti ndani, akakifuta theluji kwa mkono wa koti, akakirudisha penye meza pamoja na vingine. Alisimama akivitazama. Vilikuwa vya mama yake, vilevile.

"Viko vinne," alisema. "Andika, Serikali. Nyumba ya Dzurko, viti vinne."

"Nimeandika," alisema Leona, akavuta kimoja, akakaa. "Lete kahawa."