Hotuba ya Mheshimiwa wa Marekani Niliyoitoa Neasden

Hili la ukumbi wa Neasden, huku London, nimelikalia kwa aibu miaka mingi, na hata leo nikikutana na mtu aliyekuwepo hujifanya natafuta kitu mkobani, lakini kwa kuwa mmeniuliza uenyekiti niliupataje, basi sikilizeni.

Miaka ya tisini ilikuwa inakwisha, lifti ya jengo letu imekufa tangu Pasaka, mimi nakaa ghorofa ya saba na jirani yangu Bwana Shah (Mhindi wa Nakuru, mstaafu, magoti yamekwisha) hajakanyaga chini wiki nyingi, chakula nampandishia mimi nikitoka kusafisha ofisi. Wapangaji wakaamua kuchagua mwenyekiti wa kuibana kaunsili, yaani halmashauri yenye jengo, nami nikajiandikisha, Kiingereza changu kikiwa cha salamu na cha kuonya watu kwamba sakafu ina maji.

Kosa lilianzia maktaba. Niliazima kitabu chembamba cha maisha ya mwanasiasa mmoja wa Marekani wa zamani, mwanzoni mwa karne, wala si rais, mbunge tu wa bunge la jimbo lake: mtoto wa mhunzi, aliacha shule mapema, akashindwa uchaguzi mara mbili, wa tatu akapita, akakaa bungeni miaka kumi na miwili akiwadai wenzake daraja moja la wakulima wake mpaka likajengwa. Nilikisoma na kamusi mkononi, nikampenda yule mtu. Mwishoni palikuwa na hotuba yake, nikaona kutunga yangu ni kujisumbua, nikaikariri yote huku napiga deki, nikijiambia siku ikifika nitabadilisha maneno mawili matatu.

Sikubadilisha hata moja. Niliposimama nikaona ukumbi umejaa, akili ikahama, mdomo ukaendelea peke yake: kwamba nimewatumikia miaka kumi na miwili (nilikuwa na mitatu tu London), kwamba nimepoteza nyumbu wawili wa mkokoteni wakivuka mto, na kwamba namshukuru mke wangu mpenzi kwa uvumilivu wake. Hapo kwenye mke watu wakaanza kutazamana. Binti yangu Neema, safu ya mbele, akafunika uso. "Mum, please stop," akanong'ona.

Bwana Shah, ambaye wanaume wawili walikuwa wamemshusha na kiti chake, akaniuliza kwa Kiswahili, taratibu kabisa, "Mama Neema, hao nyumbu walizama mto gani?"

Watu wakaangua kicheko, hata wasioelewa neno.

"Hotuba si yangu," nikamjibu. "Nimeiiba kitabuni."

"Basi waambie hivyo."

Nikawaambia, kwa Kiingereza cha kuokoteza, habari za yule mbunge alivyoshindwa na kurudi, kwamba mimi sina nyumbu wala mke, nina jirani aliyebebwa ngazini leo kama kabati, na kwamba nitagonga mlango wa kaunsili kila Jumatatu mpaka lifti itembee. Kicheko kikakatika. Kura zilipopigwa, mpinzani wangu mwenyewe alininyooshea mkono.

Niligonga Jumatatu tisa. Ya kumi fundi akaja, na jioni ile Bwana Shah akashuka peke yake, amefunga tai, akaenda kununua gazeti kama mtu aliyetoka safari ndefu.

Mimi nimeapa. Maisha ya wakubwa nitayasoma mpaka macho yaume, ila nikisimama mbele za watu nasema yangu, na yakichechemea yachechemee.