Siku Mama Aliposimama Mbele ya Jopo

Siku ninayoikumbuka kuliko zote katika masomo yangu, mwanangu, ni ile ambayo mama yangu alisimama katikati ya ukumbi wa chuo kikuu, mbele ya maprofesa waliovaa majoho, akasema kwa sauti ya sokoni: "Mumuache mutoto wangu!"

Utacheka. Hata mimi leo naweza kucheka kidogo. Lakini siku ile nilitamani ardhi ipasuke inimeze, na mpaka sasa, nikifika mahali fulani katika habari hii, macho yangu huinama yenyewe. Umekuja kuniambia kwamba umekubaliwa kusomea shahada ya udaktari, na kwamba utashughulika na maji na udongo wa machimbo kama nilivyofanya mimi. Umeniuliza utarajie nini. Habari za vitabu na mitihani utaambiwa na wengine. Mimi nitakuambia habari za aibu, kwa sababu mimi hakuna aliyenionya.

Baba yangu alifanya kazi kwenye viwanda vya shaba vya Panda, pale Likasi, mpaka mshahara ulipoacha kuja. Baada ya hapo nyumba yetu ilisimama juu ya mikono ya mama. Aliuza samaki wa ziwa Tshangalele, wabichi asubuhi na wakavu jioni, na soko zima la Likasi lilimwita Mama Vero wa samaki, maana mimi ndiye Véronique, mtoto wake wa kwanza. Kwa samaki hao nilivaa sare, na kwa samaki hao nilifika Lubumbashi chuoni.

Na mimi nilikwenda kusoma nini? Matope. Matope ya chini ya ziwa lile lile. Nilitaka kujua madini yanayoletwa na mito yanalala vipi huko chini, tabaka juu ya tabaka, na ni lini yanaamka na kupanda majini. Wahenga walisema mtaka cha mvunguni sharti ainame, nami niliinama kweli kweli, nikiwa ndani ya mtumbwi, nikisukuma bomba refu chini hadi mabega yaniume.

Usidhani miaka ile ilikwenda kama nilivyoipanga. Mashine ya kupimia iliharibika, tukangoja kipuri hadi nikasahau nilikuwa nikingoja nini. Umeme ulikatika katikati ya kazi, na bwawa la Mwadingusha linalozalisha umeme huo liko pale pale ziwani, karibu tulisikie likinguruma. Msimamizi wangu alirudisha kurasa zangu zikiwa nyekundu kwa wino kama zimechinjiwa kuku. Swali langu, ambalo mwanzoni lilikuwa kubwa kama ziwa, lilizidi kupungua mpaka likawa kama tone moja. Wadogo zangu wakaoa na kuolewa. Mimi nikabaki mwanafunzi.

Mtaani waliniita "docteur" kabla sijawa. Kuna mzee aliyenionyesha mguu wake uliovimba, nikamwambia mimi si wa hospitali, akanitazama kama mtu aliyedanganywa. Wengine waliniuliza kila nilipokuja Likasi: "Docteur, bado tu?" Nikaanza kupita nyuma ya kanisa ili nisikutane na watu. Mama hakupita nyuma. Aliwajibu mbele za watu: "Mumuache asome. Maharagi haiive na makelele."

Sasa sikiliza hili, mwanangu. Katika miaka yote ile sikumwambia mama nimepata nini ndani ya matope yale. Sikuwa namficha. Nilidhani tu kwamba haimhusu. Aliwahi kuniuliza mara moja, akipasua samaki uani, mikono imejaa magamba: "Vero, na ile matope inakuambia nini?"

Nikamjibu kwamba ni kemia, tena ngumu: "Ni mambo ya shimi, mama. Iko nguvu."

Akasema, "Aa," akaendelea kupasua samaki. Kuuliza si ujinga, ndivyo tunavyowafunza watoto. Lakini mimi nilimjibu mama yangu kana kwamba kuuliza kwake kulikuwa ujinga.

Siku ya kutetea tasnifu ikafika. Ndugu walipanda gari kutoka Likasi alfajiri, wote wamevaa kikwembe, yaani kitenge, cha aina moja kilichoshonwa kwa ajili yangu. Kwa shangazi yangu, pale Lubumbashi, masufuria yalikuwa motoni tangu jana yake: bukari, ndio ugali wetu, kuku, sombe ya majani ya muhogo, na samaki wa mama. Nilisimama mbele, nikasema yangu kwa Kifaransa kizuri, na ndugu zangu wakapiga makofi hata mahali pasipopigwa makofi.

Kisha maswali. Profesa mmoja mwembamba, ambaye sikuwahi kumwona kabla, alifungua tasnifu yangu, akaifunga, akaniuliza kwa Kifaransa: "Bibi, kwenye jalada umeandika kwamba hii ni sayansi ya matumizi. Anayeitumia ni nani? Watu wa ziwa lile wafanye nini kesho asubuhi?"

Nikamjibu habari za tabaka za matope. Akasema hakuniuliza tabaka. Nikamjibu habari za mvua na mikondo. Akauliza tena, sauti imepanda, akipiga meza kwa kidole: "Watu, bibi! Watu!" Nikafungua kurasa mbele na nyuma nikitafuta, na ukumbi mzima ukaona.

Mama hakujua Kifaransa zaidi ya bei na salamu. Lakini alijua sauti. Alisikia mwanamume anamkaripia binti yake mbele ya watu, akasimama, kikwembe kimemkaa vizuri begani, akasema lile neno nililokuambia. "Mumuache mutoto wangu! Anawakosea nini?"

Watu wakacheka. Wengine wakageuka kumtazama. Mwenyekiti wa jopo, mzee mwenye miwani mizito, akaniuliza kwa upole, "Yule mama ni nani?"

Hapa ndipo macho yangu huinama. Nilitazama karatasi zangu. Nilizipanga upya, kana kwamba sikusikia. Sisi Wakatoliki kila mwaka tunasomewa habari za Petro alivyomkana Bwana wake uani kwa kuhani mkuu, na kila mwaka nilikuwa namshangaa Petro. Tangu siku ile simshangai tena. Aliyejibu ni shangazi yangu, kutoka kiti cha nyuma: "Njo mama yake!"

Nilidhani mama atatolewa nje. Badala yake mwenyekiti alishuka kutoka mezani, joho likiburura, akamwendea na kumwamkia kwa Kiswahili chetu cha huku. "Mama, hatumutukane. Tunamupima. Weye ukinunua samaki, haufungue mashavu yake kwanza uangalie?"

"Minafungua," mama akasema.

"Basi, njo vile."

Mama akafikiri kidogo. "Kama njo vile, mumupime. Lakini na minye niko na swali."

Ukumbi ukacheka tena, ila mzee yule hakucheka. Alisema si desturi, kisha akasema aulize.

Mama akanigeukia mimi. "Vero, ile samaki ya Tshangalele minauzisha, iko muzuri ao iko mubaya? Minakulisha bantu nini?"

Kicheko kikakatika. Nikamwona profesa yule mwembamba akiegemea kiti chake na kukunja mikono. Lilikuwa ni swali lake lile lile, ila limeulizwa na aliyekuwa na haki ya kwanza ya kuliuliza.

Nikaanza kujibu kwa Kifaransa. Mwenyekiti akanisimamisha kwa mkono: "Mama yako hakuulize na Kifaransa."

Mwanangu, nilitafuta maneno. Kiswahili nilichofundishwa kuombea, nilichoimbiwa nikiwa mgongoni mwa mama huyo huyo, sikuwa na neno hata moja ndani yake la kazi yangu. Na hata ningelipata, lingesema nini? Nilikuwa nimepima matope miaka na miaka, na sikuwahi kupima samaki hata mmoja. Sikuwahi kufikiri hivyo, mimi niliyekula samaki hao kila siku. Ningeweza kumwambia "Iko muzuri, mama," akakaa, watu wakapiga makofi, sherehe ikaendelea. Neno lilifika hata mdomoni.

Nikasema, "Siyui, mama."

Hakukasirika. Alikaa polepole, akaweka mikono yake mapajani, akaitazama. Mikono ile ya samaki. Aliitazama kama kitu alichokabidhiwa na mtu asiyemjua. Aibu ya kuchekwa ukumbini ilinipita upesi. Ile ya kumwona mama akitazama mikono yake haijapita.

Jopo lilitoka, likarudi. Hawakunikataa, ila hawakunipa udaktari. Walisema nirudi ziwani, nipime samaki, nifuate msimu mwingine mzima, ndipo nije tena. Kwa shangazi, chakula kilikuwa kimeiva na hakiwezi kurudishwa sufuriani kikawa kibichi. Tulikula. Mjomba wangu alikiondoa taratibu kitambaa cha pongezi ukutani, na mama akawapakulia watu mmoja mmoja, akiwauliza kama wameshiba, kama vile ni harusi.

Njiani kurudi Likasi nilikaa karibu naye. Nilijaribu kusema. "Mama, pale yule mzee aliniuliza weye ni nani..."

"Nilisikia vile ulinyamaza," akasema. Hakunigeukia, alitazama barabara. "Ulikuwa na woga. Na minye nilikuwa na woga. Lakini minye nilisimama."

Sina karipio jingine maishani lililonifika kama hilo, na halikuwa hata na sauti. Tulipokaribia Likasi akaongeza: "Kesho tunaenda ku ziwa."

Tukaenda, mimi na yeye. Alinipeleka kwa wavuvi anaonunua kwao, akawaambia binti yake anatafuta jibu la swali, wampe samaki wa kila upande, na mimi nikakaa chini pamoja na wake zao na kueleza, kwa Kiswahili cha kukwama kwama, ninachokitafuta na nisichokijua. Msimu ule ndio masomo yangu yalipoanza kweli.

Jibu halikuwa la kutisha kama nilivyoogopa, wala la kufurahisha kama nilivyoomba. Kulikuwa na kona moja, sitaitaja kwa sababu kuna watu wanaoishi pale, ambako samaki wanaokula matope walikuwa wamebeba madini tumboni kuliko inavyofaa. Kwingine hatukuona la kuogopesha. Nilimwambia mama kwanza, kabla ya msimamizi wangu, uani, kwa maneno yake.

Akaacha kununua samaki wa kona ile. Na hakuishia hapo. Aliwaambia wateja wake, mmoja mmoja, kwamba zamani aliwauzia bila kujua na sasa anajua. Wengine walimshukuru. Wengine walihamia meza za jirani, na waliokuwa wakimtania walimwita "Mama Sumu" muda mrefu. Alirudi nyumbani na karai limejaa, akakausha alichoweza. Hakunilaumu hata siku moja, na kutolaumiwa huko kulinielemea kuliko lawama.

Nilipoitwa tena chuoni, nilimsihi aje. Alikataa. Ilikuwa siku ya soko. "Weye unajua jibu sasa," akasema. "Minye niende kufanya nini?" Nikapewa udaktari mbele ya viti vitupu vitupu. Niliutaka sana, na nilipoupata niliona haya kuushika.

Basi, mwanangu, umeniuliza utarajie nini. Tarajia kuwa mtoto tena katika umri wa watu wazima. Tarajia mashine kufa, na swali lako kupungua mkononi mwako, na watu wa nyumbani kuhesabu miaka yako kwa niaba yako. Profesa anayekubana si adui, huenda ndiye pekee aliyekusoma mpaka mwisho. Kazi yako ikiwa ya maji, kuna anayeyanywa. Ikiwa ya udongo, kuna anayelima. Mtafute huyo mapema, umweleze kwa lugha yake unachokifanya, na ukishindwa kumweleza, rudi mezani, hujakielewa bado. Usione haya kusema "sijui", ona haya kukaa na "sijui" yako miaka mingi bila kuiangalia. Mficha uchi hazai. Na wakikuuliza watu wako ni akina nani, jibu upesi, jibu kwa sauti.

Nenda sasa. Mungu akujalie macho ya kuona kilicho chini na moyo wa kuwakumbuka walio juu yake. Akupe walimu wakali na usingizi mwema. Na siku utakapovaa joho, mikono iliyokulea iwe hai bado, na wewe usione haya kuishika mbele ya watu wote. Amina.