Fisi Aliyepewa Wimbo wa Shangazi

Baba yangu, Rogath, anatunga muziki wa filamu na katuni. Watu wa hapa Rau ukiwauliza kazi yake wanasema anapiga kinanda, naye hawabishii. Alianzia kwaya ya parokia huko Marangu, akapiga kwenye harusi, akatunga matangazo ya redio, hadi mtu mmoja wa Dar akamwomba muziki wa filamu. Siku hizi wanamtumia picha zisizo na muziki. Anajifungia kwenye chumba alichokizungushia magodoro ya zamani ukutani, anatazama mtu akikimbia au akilia, halafu anatafuta kinachomfaa. Akikipata, mguu wake wa kushoto unaacha kutikisika. Hapo ndipo napeleka chai.

Mwaka jana alipewa katuni ya televisheni ya fisi mdogo mwoga anayetafuta rafiki. Fisi yule alimsumbua sana. Mwishowe akampa wimbo ambao Bibi Mektrida, mama yake, huimba akikamua ng'ombe. Akautia ngoma na filimbi, akauharakisha. Ulipendeza kweli, watoto wa jirani wakawa wanauimba wakitumwa dukani.

Hakumwambia Bibi. Alitaka ausikie mwenyewe kwenye televisheni, afurahi.

Bibi aliusikia akiwa kwa jirani yake. Alipoona fisi anauchezea kiuno, aliinuka akaenda zake nyumbani. Tangu hapo akawa anakamua kimya. Baba mdogo Sirili, anayeishi naye kihambani, kwenye shamba la migomba la ukoo, ndiye aliyepiga simu.

"Kaka, ule wimbo ni wa Theodora. Mama alimtungia alipokuwa anaumwa surua, akamwimbia mpaka akafa. Wewe ulikuwa bado unabebwa mgongoni. Mimi mwenyewe kaniambia jana."

Baba alijua tu ana dada aliyekufa mdogo. Wimbo alidhani ni wa ng'ombe.

Jumamosi tulipanda Marangu. Kabla ya kuingia ndani Baba alikata jani la isale pale mpakani mwa kihamba, akalifunga fundo, kama tunavyofanya tukienda kuomba msamaha. Ukipelekewa isale hukatai. Bibi alikuwa jikoni anamenya ndizi, Sirili anachochea moto.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba." Alilitazama jani, akalipokea, akaliweka pembeni ya sufuria. "Nimepokea kwa sababu halikataliwi. Usidhani yameisha."

Baba alibaki amesimama. "Nimewaambia watu wa Dar wautoe. Fisi atacheza bila muziki, au nitaiacha hiyo kazi."

Bibi aliendelea kumenya. Niliona Baba anatafuta mahali pa kuweka mikono yake, asipaone.

"Huyo fisi," Bibi akasema baadaye, "ana nini hasa?"

"Ni mtoto, mama. Anaogopa kila kitu. Hata kivuli chake."

"Kumbe ni wewe," alisema Sirili. "Umemnyima kitambi tu."

Bibi alibana midomo asicheke. Kisu kikasimama kwenye ndizi.

"Theodora alikuwa anaogopa kuku," alisema. "Kuku mmoja tu, yule mwekundu. Akimwona anajificha ndani ya kanga yangu, halafu anachungulia." Akatazama mlangoni kama vile kuna mtu anakuja. Sikuwahi kumsikia akilitaja jina hilo. Baba naye, nadhani.

Kisha Bibi akaanza kugonga sufuria kwa mpini wa kisu, pole pole, halafu haraka, akaimba kwa Kichagga, wimbo mfupi wa kumfukuza kuku. Alifika katikati, akaacha, akaanza upya.

"Huu alikuwa anacheka nao," alisema. "Huu mpe fisi wako. Ule wa kuumwa niachie mimi."

Baba alitoa simu. "Nirekodi, mama?"

"Weka huko. Jifunze kwanza."

Basi Baba akavuta kigoda, akaketi karibu naye, magoti yamefika kidevuni. Akaimba. Mwanamume mwenye mvi anamwimbia kuku, na macho yamejaa maji. Sirili aligeukia moto. Bibi alimsikiliza mpaka mstari wa pili, akamshika goti.

"Si hivyo, Rogath. Hapo kuku ameshageuka, sasa anakukimbiza wewe. Kimbia."