Mstari Alioukata Shem

Jina lake kamili ni Shem Zakayo Mwaipaja. Babu yake Mwaipaja alifyatua matofali ya kanisa la kwao Tukuyu na akayachoma mwenyewe. Baba yake Zakayo alifundisha hesabu miaka thelathini, wala hakuwahi kumtoa mtoto darasani kwa sababu ya ada. Shem naye alikuja Dubai kufagia ofisi kule Silicon Oasis, akajifunza kompyuta kwa kuwatazama wenye ofisi, mwisho akaanzisha tovuti iitwayo Peke Yangu. Naanza na haya mazuri makusudi, maana kuna alilofanya lisilopendeza, nalo nitaliandika.

Tovuti ile ilikuwa ya watu wetu walioanzisha biashara za mtandaoni bila mfadhili wala mshirika, kwa akiba zao tu. Kila Ijumaa Shem alitoa kisa cha mmoja wao, na chini yake wenzake wakaulizana na kushauriana. Walifika elfu tatu: Watanzania, Wakenya, Waganda. Visa vyote aliviandikia kwenye meza yangu hapa Naif, mtaa wa humuhumu Dubai, katikati ya masufuria yangu.

Kilichosomwa kuliko vyote ni kisa cha Fridah, Mkenya aliyetengeneza programu ya simu ya kupangia miadi ya saluni. Fridah alimweleza yote, nami nikisikia, pamoja na kwamba alithubutu kuacha kazi kwa kuwa mumewe alimweka kwenye viza yake, akalipa pango miaka miwili. Mstari huo Shem akaukata. Nilikuwa nakuna nazi, nikamsikia anajisomea.

"Mbona mume umemtoa?" nikamuuliza.

"Bibi, tovuti inaitwa Peke Yangu. Mume ataingilia wapi?"

Tukacheka. Najutia kicheko kile hadi leo.

Kisa kikamfikia Martina, binti wa Singida, mpokea wageni hotelini. Alikuwa na wazo la masomo ya Kiarabu ya kusikiliza kwenye simu, kwa wafanyakazi wa majumbani. Mwezi uleule akaacha kazi. Hapa kazi ikiondoka, viza inaondoka nayo, na yeye hakuwa na mume wa kumweka kwenye yake. Muda wa kukaa ukamwishia masomo yakiwa nusu.

Siku ya kuaga alikuja na sanduku lake, katoka kuonana na Fridah.

"Kaka Shem, Fridah anasema habari za mumewe alikwambia."

"Aliniambia."

"Sasa mimi uliniona nani? Ningejua, ningebaki hotelini, masomo nikayafanya siku za mapumziko. Nilijiona mjinga, kaka. Nikasema, mbona Fridah aliweza?"

Shem akaanza kuomba msamaha.

"Khalas, yamekwisha," akasema Martina. "Ndege hainingojei."

Akanibusu mkono, akaenda.

Ijumaa ile Shem hakutoa kisa, na chakula nilichomwekea hakukigusa. Jumapili akaja Everlyn, anayemsaidia kusimamia mazungumzo ya tovuti. Yeye ni mlinzi wa ghala kule Ras Al Khor, na alikuwa bado na sare ya kazi.

"Boss, watu wanauliza kisa kiko wapi. Wengine wanasema umeoa."

Shem hakucheka. Akamsogezea kompyuta.

"Visa viko sitini na viwili. Wapigie wote, mmoja mmoja, uwaulize swali moja tu: ulipoanza, nani alikuwa anakulisha? Jibu liweke juu kabisa ya kisa."

"Si uulize wewe?"

"Mimi wamezoea kunipa ninachokitaka."

Everlyn akavuta kiti. "Haya. Nianze na nani?"

"Anza na changu."

Kisa hicho nakijua neno kwa neno. Kinasema Shem alianza bila mkono wa mtu. Mwaka na miezi miwili alikula kwangu bure, na siku aliponisomea maneno hayo niligeukia jiko, maana sikutaka nionekane naomba shukrani. Laiti ningesema siku ile.

"Mimi usiniulize," Shem akamwambia. "Muulize bibi."