Sanduku la Wifi Limepona

Mume wangu ni fundi kufuli, na kwa miaka ishirini hajawahi kufungua kitu bila mwenyewe kujua. Nilipomwomba afungue sanduku la dada yake, alitokwa jasho utadhani nimemtuma aue mtu.

Haki ilikuwa yangu. Wifi aliazima bangili ya marehemu mama yangu avae siku moja tu, harusini. Miaka mitatu! Kila nikiuliza: "Wifi yangu, nitakuletea." Na mama hakuniachia kingine. Tulipopanga nyumba ziwani, ukoo mzima, siku nne za mapumziko, nikamwona kwa mbali akiitia sandukuni kabla ya kwenda kuogelea. Nikasema leo ni leo.

Mchana uleule sote tukashuka majini. Mume wangu akabaki, eti tumbo linamsokota. Nilikuwa nimemnong'oneza: "Ukishaichukua, lifunge vizuri. Lisijulikane limeguswa."

Lifunge vizuri! Mwambie hivyo fundi kufuli uone. Komeo la sanduku lile lilikuwa bovu siku nyingi, wifi akilizungushia kamba. Bwana yule akalichomoa, akalinyoosha, akalitia mafuta, akalirudisha. Kamba akaitupa. Niliporudi akanipenyezea bangili mkononi, nami nikaisukumiza mfukoni bila kuitazama.

Saa kumi tuko kwenye chai, wifi akatoka chumbani mbio.

"Jamani, sanduku langu limepona! Linafunga lenyewe!"

Mama mkwe akamgeukia mwanawe. "Tumbo linaendeleaje, baba?"

Akaungama palepale, mjinga wa watu, akaninyooshea kidole. Nikaona liwalo na liwe. Nikaitoa bangili.

"Ndiyo, nimeiba. Nimeiba changu!"

Nikaigeuza niwaonyeshe alama. Meno yangu ya kwanza yalipokuwa yakiota, mama alinipa bangili ile niing'ate, ikabaki na vishimo viwili. Nikaigeuza tena. Hakuna kitu. Laini, mpya.

Wifi akaketi sakafuni akilia. Ile ya mama ilimponyoka hapahapa ziwani, wiki moja baada ya harusi. Akatengenezesha ya kufanana nayo, akaogopa kuileta.

"Nilijua utatafuta meno yako," akasema.

Nikaiacha bangili ile mpya mezani, nikaingia chumbani.

Asubuhi niliingia majini, nikawa napapasa mchanga kwa nyayo. Wifi akaja, akasimama kando yangu, naye akaanza kupapasa.

"Sogea kule," nikamwambia. "Hapa nimeshapita."